Macho Hayana Pazia, Ila Yana Deni

Wahenga walisema macho hayana pazia. Msemo huu nimeusikia vijiweni tangu utotoni, mara nyingi kutoka kwa watu wazima waliofumwa wakitazama wasichotakiwa kukitazama. Ulikuwa utetezi wao: jicho limeumbwa lione, sasa lawama ya nini? Nami kwa miaka mingi niliuamini. Leo, ndugu msomaji, naomba tukae kitako tuuulize msemo huu swali moja tu. Mtu anayeitazama taabu ya mwenzake, akaitazama vizuri mpaka akaikariri, kisha akaipeleka sokoni ikamletea jina na pengine mshiko, je, hadaiwi kitu?

Swali hili sikulitoa vitabuni. Lilinikuta porini, likapanda basi pamoja nami, likanifuata hadi uani kwetu Mburahati.

Ilikuwa mwezi wa Februari. Nilikuwa nimemaliza shule na kukaa mtaani mwaka mzima, usiku naandika hadithi, mchana napigwa jua. Mjomba wangu, dereva wa magari ya watalii kule Arusha, akaniletea habari kwamba kuna Wazungu wanapiga filamu ya wanyama Ndutu na wanatafuta kijana wa kuosha vyombo, kubeba betri na kuchota maji. Kazi ya mwezi mmoja. Sikuuliza hata mshahara. Nilikopa nauli, nikaondoka.

Ndutu ipo pale Serengeti inapopakana na Ngorongoro. Miezi hiyo nyumbu hujaa kwenye mbuga za nyasi fupi kuja kuzaa, na huzaa karibu wote kwa pamoja, ndani ya majuma machache, ndama maelfu kwa maelfu. Hiyo ndiyo kinga yao. Simba na fisi hata wale vipi hawawezi kuwamaliza. Ndama akidondoka chini, baada ya dakika chache yuko juu ya miguu yake, na muda si mrefu anakimbia sambamba na mama yake. Asiyekimbia haoni jioni.

Mpiga picha wetu alikuwa mtu mzima, mkimya, mwenye Kiswahili kizuri cha kujifunzia kitabuni. Mimi nilidhani kazi ile ni ya kukimbizana na simba. La hasha! Ni kazi ya kungoja. Tulitoka kambini kabla ya jua, tukasimamisha gari mahali, tukakaa. Saa moja, saa tatu, saa kumi na moja za kukaa. Siku nne zinapita kwa ajili ya kitu ambacho kwenye televisheni kitaonekana kwa nukta ishirini. Alitusimulia habari za zamani, enzi za kamera za mkanda, ambapo futi 400 za filamu zilitosha dakika kumi na moja tu. Ukiwasha mapema, mkanda unaisha kabla duma hajaruka. Ukichelewa, umemkosa. Kwa hiyo watu wale walijifunza kuishi na kidole kwenye kitufe na roho mkononi.

Siku ya tisa, kundi la nyumbu lilivuka ziwa. Lilikuwa na maji ya kina kifupi, lakini msukumano ni msukumano. Mama wengi walipotezana na watoto wao. Vumbi lilipotulia, ndama mmoja alikuwa amebaki ukingoni peke yake, akilia. Akatembea huku, akatembea kule, mwisho akaja moja kwa moja kwenye gari letu. Alinusa tairi. Alisimama kwenye kivuli chetu, ametulia kabisa, kama mtoto aliyefika kwao. Alidhani sisi ni mama.

Kisha fisi akatokea.

"Mjomba," nikanong'ona, "tumsaidie."

"Umsaidie umpeleke wapi, mpwa wangu? Unayo maziwa?"

Kamera ilikuwa ikifanya kazi. Mpiga picha hakugeuka. Sitaeleza yaliyofuata, maana wengi wenu mmeyaona kwenye televisheni, mkiwa mmekaa, mnakula karanga. Tofauti yangu na ninyi ni kwamba mimi nilisikia sauti, na ile sauti haikuwa ndefu.

Usiku, motoni, nilishindwa kula. Yule mzee aliligundua hilo. Akaniambia taratibu: "Ukimwokoa ndama, umemnyima fisi. Fisi naye ana watoto shimoni, wanamngoja. Wewe ni nani uamue nani ale, nani alale njaa? Hapa sisi ni wageni. Mgeni haingilii ugomvi wa wenyeji."

Ama kweli maneno yale yalinikaa. Niliyaandika kwenye daftari langu usiku uleule kwa mwanga wa tochi. Niliona nimepata falsafa ya maisha na ya uandishi kwa mpigo mmoja: tazama, usiingilie, simulia. Mwandishi ni mpiga picha, dunia ndiyo pori lake.

Na tusiidharau falsafa hiyo, maana wapo watu waliitolea maisha. Hugo van Lawick alizaliwa mwaka 1937 Surabaya, katika nchi ambayo leo ni Indonesia. Alifika Gombe, kando ya Ziwa Tanganyika, mwaka 1962, ametumwa na jarida la National Geographic kupiga picha za Jane Goodall na sokwe wake. Wakaoana mwaka 1964, wakaachana mwaka 1974. Yeye akapiga kambi Ndutu, ndani ya mahema, akakaa miongo. Alikufa Dar es Salaam mwaka 2002. Saa zaidi ya 100 za picha alizopiga Gombe zilikaa kabatini miaka mingi, zikaja kufufuliwa katika filamu iitwayo Jane, ya mwaka 2017. Hebu fikiri: kijana anatazama, anahifadhi, na yale aliyoyaona yanawafikia watu yeye akiwa ameshakufa miaka kumi na tano.

Kwa majirani zetu Kenya alikuwepo Alan Root pamoja na mkewe Joan. Hao walipiga filamu ya Chemchemi za Mzima, ya mbuyu, ya safari ya nyumbu, na ile ya mchwa ya mwaka 1978, ambayo iliteuliwa kuwania Oscar. Waliingia na kamera ndani ya kichuguu, wakatuonyesha ufalme tunaoupita kila siku tukiupiga teke. Alan aling'atwa na kifutu akapoteza kidole. Kule Mzima kiboko alimng'ata mguu. Mtu anayelipa kwa viungo vya mwili wake huwezi kumwambia kwamba yeye ni mtazamaji tu aliyekaa kivulini.

Kwa hiyo nilirudi Dar nikiwa na vitu viwili: falsafa ile, na shilingi laki mbili na nusu ambazo nilizishonea ndani ya godoro.

Sasa naingia kwenye sehemu ambayo ningependa kuiruka.

Nyumba tuliyopanga ilikuwa na vyumba nane, bomba moja, choo kimoja. Chumba kilichotazamana na changu alikaa dada mmoja muuza vitumbua, pamoja na mtoto wake wa miaka minne na mdogo wake wa kike aliyekuwa sekondari. Alfajiri sauti ya mafuta yake ndiyo iliyokuwa saa yangu ya kuamkia. Nilipokuwa sina hela, na mara nyingi nilikuwa sina, alinikopesha vitumbua vitatu na chai. Aliniandika kwenye daftari lake la madeni, nikimlipa ananifuta.

Siku moja saa nne asubuhi mwenye nyumba alikuja na vijana wawili. Dada alikuwa anadaiwa kodi ya miezi mitatu, elfu arobaini kwa mwezi. Laki moja na ishirini. Wakaanza kutoa vyombo nje. Kitanda, godoro, jiko, masufuria, sare ya shule ikiwa bado kwenye hanga. Mwenye nyumba alikuwa na mdomo, dada naye alikuwa na mdomo, na majibizano yale, ndugu msomaji, yalikuwa makali, matamu, yenye methali na matusi yaliyopangwa kama tenzi. Mimi nilikuwa dirishani, nyuma ya wavu wa mbu. Nikachukua daftari. Nikaandika kila neno.

Niliandika dakika arobaini. Nyuma yangu, ndani ya godoro, kulikuwa na laki mbili na nusu.

Msinielewe vibaya. Si kwamba sikuzikumbuka zile hela. Nilizikumbuka vizuri sana. Nilijiambia: ukilipa leo, mwezi ujao nani atalipa? Nilijiambia mwenye nyumba naye ana watoto wanaomngoja. Nilijiambia mgeni haingilii ugomvi wa wenyeji. Neno kwa neno. Porini nilikuwa nimebeba betri, kumbe nimebeba na udhuru.

Jioni dada alipakia vyombo kwenye guta akaenda Mbagala kwa shangazi yake. Mimi nilikaa wiki mbili nikaandika hadithi bora kuliko zote nilizowahi kuandika. Hela zile nilinunulia kompyuta ya mtumba ili niichape. Niliisoma kwenye mkutano wetu wa waandishi chipukizi, na nilipofika mahali ambapo yule mwanamke anaketi juu ya godoro lake uani, anaegemea mkono, analia kimyakimya mtoto akimfuta machozi kwa pindo la kanga, ukumbi mzima ulinyamaza. Kisha wakapiga makofi. Washkaji walinikumbatia. Mmoja akasema, "Bwana wee, hii umeiona wapi?"

Sikujua kwamba kwenye viti vya nyuma alikaa yule mdogo wake, aliyeletwa na mwanafunzi mwenzake. Alinifuata mlangoni. Hakunitukana. Aliuliza tu: "Kumbe kaka ulikuwepo?"

Tangu siku hiyo nimekuwa nikiitafuta kasoro katika ile falsafa ya motoni. Maana yule mzee hakusema uongo, na mimi sikumnukuu vibaya. Kasoro iko wapi?

Kwanza nilidhani jibu ni rahisi: ndama ni mnyama, dada ni mtu. Lakini jibu hilo halitoshi, maana hata wapiga picha wenyewe hawakulifuata sikuzote. Van Lawick huyohuyo, aliyekaa miaka mingi akitazama bila kugusa, kuna siku aligusa. Katika kundi la mbwa mwitu la Serengeti palikuwa na mtoto mmoja ambaye ndugu zake wote waliuawa na jike mkubwa wa kundi. Akabaki peke yake, dhaifu, anaachwa nyuma kila kundi linapohama. Van Lawick na wenzake walimchukua, wakamtunza, baadaye wakamwingiza kwenye kundi lingine. Walimwita Solo, na kitabu chake kilitoka mwaka 1973. Kule Gombe mwaka 1966 sokwe walipopatwa na ugonjwa wa kupooza, uliokuwa umewapata kwanza binadamu wa mkoa ule, yeye na Goodall hawakukaa wakapiga picha tu. Walitia chanjo ndani ya ndizi wakawalisha. Sokwe mmoja mzee aliyekuwa amekwisha kabisa alimalizwa kwa risasi ili apumzike.

Na mwaka 2018 dunia nzima iliona katika mfululizo wa BBC uitwao Dynasties jinsi pengwini kadhaa pamoja na vifaranga wao walivyonasa kwenye bonde la barafu huko Antaktika, wasiweze kupanda. Wapiga picha walitazama, wakashindwa kuvumilia. Wakachukua sepetu wakachimba njia ya mteremko kwenye theluji. Hawakumbeba hata mmoja. Walichimba njia, wakarudi nyuma, wenye uwezo wakapanda wenyewe. Wako waliowalaumu. Mimi siwezi, maana kwa ile njia fisi yupi alinyimwa chakula? Hakuna. Bonde halina watoto.

Hapo ndipo nilipoanza kuona kitu. Hoja ya yule mzee kuhusu ndama haikusimama juu ya neno "tazama." Ilisimama juu ya nguzo mbili. Ya kwanza: upande wa pili kuna kinywa kingine chenye haki ileile. Ya pili: sisi ni wageni, hatuna ahadi na yeyote kati yao. Ukiziondoa nguzo hizo, paa linaanguka. Kwa pengwini nguzo ya kwanza haikuwepo. Kwa sokwe wa Gombe ya pili haikuwepo, kwa sababu binadamu alikuwa ameshaingia kwenye maisha yao, analeta ndizi, na magonjwa yake yamo humohumo. Mtu aliyeleta ugonjwa mlangoni hawezi kusema yeye ni mpita njia.

Sasa nipeleke nguzo hizo uani kwetu. Mwenye nyumba si fisi. Fisi hana la kuchagua: asipoua, anakufa. Mwenye nyumba alikuwa na njia nyingine kumi, na yeyote ambaye angemlipa siku ile asingemnyima kitu, angemshibisha. Laki na ishirini ingemtosha fisi na ndama kwa pamoja! Je, nilikuwa mgeni? Nilichota maji kwenye bomba lake, nilipanga foleni ya choo nyuma yake, jina langu lilikuwa kwenye daftari lake la madeni. Nilikuwa mwenyeji kuliko mwenyeji. Nilichofanya ni kujivika ugeni, kama mtu anayevaa miwani ya jua ndani ya nyumba ili asionekane anaangalia wapi.

Mtaniambia: lakini wewe ni kijana maskini, ungemlipia leo, kesho nani angekulipia wewe? Ni hoja nzito, siipuuzi. Sisemi kila mwandishi auze godoro lake kila anapoona mtu anatolewa vyombo. Mjini hapa tungemaliza magodoro. Ningeweza kutoa elfu arobaini na kuomba muda wa zilizobaki. Ningeweza kutoka nje nikashika upande mmoja wa kitanda. Hata hilo! Kitanda kina pande mbili na mbebaji alikuwa mmoja. Mambo yalikuwa mengi kati ya kulipa zote na kutolipa kitu. Mimi katikati ya hayo nilisimama na kalamu.

Lipo jambo la pili, nalo linaniuma zaidi kwa kuwa linahusu ufundi wetu wenyewe.

Baada ya miezi miwili nilikwenda Mbagala. Nilimkuta dada barazani kwa shangazi yake, anakaanga. Nikamwamkia, akaitikia, akaniwekea vitumbua kwenye kisahani kana kwamba niliondoka jana. Nilianza kuomba radhi kwa maneno niliyokuwa nimeyapanga kwenye daladala. Akanikata.

"Mdogo wangu kanisimulia hiyo hadithi yako. Umesema nililia."

"Ndiyo, dada."

"Sikulia."

Nikanyamaza.

"Nilikuwa nahesabu sahani. Nilikuwa na sahani sita, nikaziona tano. Sasa mtu anahesabu sahani atalia saa ngapi?"

Ndugu msomaji, alikuwa anasema kweli. Nilikuwepo, nilitazama dakika arobaini, na sikuziona sahani. Niliona machozi kwa sababu hadithi yangu iliyahitaji. Hapo nikawakumbuka wale panya wadogo wa nchi za baridi waitwao lemingi. Mwaka 1958 kampuni ya Disney ilitoa filamu, White Wilderness, iliyowaonyesha wakijirusha kutoka kwenye genge kwa mamia hadi majini, kana kwamba wanajiua. Filamu ikashinda Oscar. Mwaka 1982 televisheni ya Kanada ikafichua kwamba tukio lile lilipangwa: lemingi waliletwa kutoka mbali hadi jimbo la Alberta, wasikoishi, na kurushwa na binadamu. Lakini dunia ilishaamini, na wengine wanaamini mpaka leo. Lemingi anasingiziwa ujinga ambao hakuufanya. Mimi nami nilikuwa nimemsukuma mtu wangu kutoka kwenye genge ili nipate picha nzuri.

Na kudanganya si kuongeza tu. Kuna kudanganya kwa kukata. Mwaka 1959 ilitoka filamu ya Mjerumani Bernhard Grzimek na mwanawe Michael, iliyosema Serengeti isife. Michael alikufa Januari mwaka huohuo, ndege yake ilipogongana na tai mzoga, na kaburi lake liko ukingoni mwa kreta ya Ngorongoro. Mwaka 1960 filamu ilipata Oscar. Ni kazi kubwa, na pengine bila hiyo nyumbu wale nisingewakuta. Lakini mwaka huohuo wa 1959 Wamaasai waliokuwa wakiishi Serengeti na ng'ombe wao walikuwa wanahamishiwa Ngorongoro. Tangu hapo filamu ngapi zimetuonyesha nyika tupu isiyo na mtu, kana kwamba iliumbwa hivyo? Mjomba wangu ndiye aliyemwona yule fisi wa kwanza, yeye ndiye aliyejua kundi litavukia wapi. Kwenye filamu ile hata kivuli chake hakimo.

Ndiyo maana nafurahi ninapoona watu wa huku nao wameshika kamera. Kenya kuna Paula Kahumbu, ambaye tangu mwaka 2019 mfululizo wake wa Wildlife Warriors umewaonyesha Wakenya wanyama wao kupitia Wakenya wenzao. Lakini tusijidanganye, ndugu zangu. Jicho jeusi nalo linaweza kukata na kuongeza. Mimi si Mzungu, na niliyemwongezea machozi ni jirani yangu.

Na Joan Root je? Baada ya kuachana na Alan alibaki Naivasha, kando ya ziwa. Alikuwa amelitazama pori maisha yake yote. Mwishoni aliacha kutazama tu. Alipambana na uvuvi haramu, akagharimia watu wa doria kwa fedha zake. Januari mwaka 2006 watu wenye bunduki walimuua nyumbani kwake. Simtaji ili nimtangaze shujaa, wala sisemi kila anayeingilia atafanikiwa. Namtaja kwa sababu mtu anayehubiri "usitazame tu, tenda" lazima akiri kwamba kutenda kuna bei, na wakati mwingine bei yake haina chenji. Kutazama nako kuna bei, ila hiyo mara nyingi hulipwa na anayetazamwa.

Basi nimefika wapi? Sijafika mbali. Bado naamini kazi ya kutazama ni kazi. Bila wanaongoja saa kumi na moja ndani ya gari, tusingejua mchwa anaishije, wala tusingejua tunapoteza nini. Bila wanaoandika, vyombo vya maskini vingetolewa nje kila siku na isingebaki hata sentensi. Sitaki vijana waweke kalamu chini kwa kuona haya. Nasema tu kwamba jicho linakopa. Linachukua kitu cha mtu bila kumwomba. Ukiwa mgeni kweli, deni lako ni kusema ukweli wote, pamoja na wa waliokuwa nje ya picha. Ukiwa mwenyeji, ukweli peke yake hautoshi, kwanza nenda kashike upande wa pili wa kitanda. Hadithi itakusubiri. Na kama haitakusubiri, basi ilikuwa inanyemelea, haikuwa inasubiri.

Siku ile Mbagala nilimpa dada elfu hamsini, nilizokuwa nimezichanga. Alizihesabu. Akasema, "Sadaka ya majuto sipokei, mdogo wangu. Nikopeshe." Akafungua daftari lake, ukurasa mpya, akaandika jina langu upande ambao sijawahi kuandikwa: upande wa wanaomdai. Analipa elfu tano kila mwisho wa mwezi, hajakosa hata mmoja. Hadithi nimeiandika upya. Hakuna machozi, kuna sahani tano. Niliposoma toleo hilo jipya ukumbini makofi yalikuwa machache, na mshikaji mmoja akaniambia ile ya kwanza ilikuwa na nguvu zaidi. Pengine kweli. Mdogo wake dada, aliyekuwa tena kwenye viti vya nyuma, hakupiga makofi wala hakununa. Alitikisa kichwa mara moja, kama mtu anayesahihisha hesabu akakuta jibu limetoka.

Kwa hiyo mkutano ujao, mwenzetu yeyote atakaposimama kutusomea taabu za jirani yake, na hadithi ikawa nzuri, tumpigie makofi, anastahili. Kisha mtu mmoja anyooshe mkono amuulize kwa upole: na wewe, wakati huo, ulikuwa wapi?